Insulini kwa paka mwenye kisukari: shajara ya mradi, kutoka sindano ya kwanza hadi kupunguza dozi

Hali ya kuanzia

Paka dume aliyehasiwa, miaka 11, kilo 6.2. Uzito unaomfaa ni kama kilo 5. Anakunywa mililita 640 kwa siku, yaani zaidi ya mililita 100 kwa kila kilo ya mwili. Paka mzima mwenye afya hafiki huko. Madonge ya mkojo kwenye mchanga wake ni makubwa na mengi. Anakula kwa pupa huku nyama za mgongo zikiisha. Miguu ya nyuma imeanza kukanyagia visigino badala ya vidole, dalili kwamba sukari imegusa neva. Mtoto wa jicho, unaowasumbua sana mbwa wenye kisukari, kwa paka ni nadra, kwa hiyo macho hayamo kwenye orodha ya vitu vya kukagua kila wiki.

Sukari kliniki ilisoma 24.8 mmol/L. (Mashine ikionyesha mg/dL, gawanya kwa 18 upate mmol/L.) Namba hiyo peke yake haithibitishi ugonjwa, maana paka aliyeogopa anaweza kupandisha sukari sana kwa hofu tu ya kubebwa na kushikwa. Zilizothibitisha ni mbili: sukari kwenye mkojo, na fruktosamini iliyo juu. Fruktosamini ni protini za damu zilizoshikamana na sukari. Inaeleza hali ya wiki moja hadi mbili zilizopita, na hofu ya asubuhi moja haiibadilishi.

Figo za paka huanza kumwaga sukari kwenye mkojo ikizidi takriban 14 hadi 16 mmol/L. Sukari hiyo huvuta maji, mkojo unakuwa mwingi, kiu inafuata. Lengo la mradi limetokana na hapo. Hatutafuti namba za paka mzima saa zote. Tunataka sukari ikae chini ya mstari huo sehemu kubwa ya siku, na sehemu yake ya chini kabisa iangukie kati ya 4.4 na 8.3. Kila uamuzi wa dozi katika shajara hii umepimwa kwa namba hiyo ya chini. Namba ya asubuhi kabla ya sindano inatumika kujibu swali moja tu: tuchome sasa au tusubiri?

Kuhusu vidonge. Mamlaka ya dawa ya Marekani, FDA, iliidhinisha bexagliflozin kwa paka Desemba 2022, kisha velagliflozin ya maji mwaka 2023. Zote mbili hulazimisha figo kutoa sukari. Hazifai kwa paka aliyewahi kutibiwa kwa insulini, na zinaweza kuleta sumu ya ketoni (asidi zinazotokana na mwili kuchoma mafuta badala ya sukari) hata sukari ikionekana nzuri. Mgonjwa huyu alikuwa na alama hafifu ya ketoni kwenye mkojo, basi mjadala ukaishia hapo: insulini. Kwa kuwa bado anakula na hatapiki, daktari wa mifugo ameruhusu aanzie nyumbani, mkojo upimwe ketoni kila siku hadi alama ipotee.

Vifaa, na kosa la sirinji linaloua

Insulini iliyoandikwa ni glargine, U-100. Hesabu ya kuanzia ni uniti 0.25 hadi 0.5 kwa kilo, kila baada ya saa 12, na kilo zinazohesabiwa ni za uzito unaofaa, mafuta ya ziada hayamo. Kilo 5 mara 0.25 ni 1.25, tumeshusha hadi 1.0 asubuhi na 1.0 jioni. Hata paka mkubwa hazidishiwi uniti 2 mwanzoni.

U-100 maana yake mililita moja ina uniti 100. U-40 ina uniti 40. Sirinji hutengenezwa kwa kila moja. Kwa kawaida ya U-100 ina kifuniko cha rangi ya chungwa, ya U-40 chekundu. Ukivuta insulini ya U-100 kwa sirinji ya U-40 hadi alama ya 1, umevuta uniti 2.5, na paka wa dozi ndogo anaweza kuanguka kifafa mchana huo. Kinyume chake, U-40 kwa sirinji ya U-100 hadi alama ya 1 inatoa uniti 0.4 tu, na watu huishia kulalamika kwamba dawa haifanyi kazi. Usiamini rangi ya kifuniko: soma maandishi kwenye sirinji, kisha kwenye kichupa, kila unapofungua boksi jipya.

Sirinji zetu ni za mililita 0.3, zenye alama za nusu uniti, sindano ya milimita 8, geji 31. Sirinji ya mililita 1 haifai hata kama ni U-100. Pengo kati ya alama ni dogo mno, na kukosea kwa nusu uniti hapa ni kukosea nusu ya dozi nzima.

Glargine haichanganywi na insulini nyingine wala haizimuliwi kwa maji ili kupata dozi ndogo. Ndani ya kichupa ina asidi, pH karibu 4, ndiyo maana ni angavu. Ikiingia chini ya ngozi, ambako hakuna asidi hiyo, inaganda kuwa chembe ndogo zinazoyeyuka polepole, na kuyeyuka huko ndiko kunakoipa urefu wa kazi. Ukiizimua unaivuruga kabla haijafika. Haihitaji kutikiswa. Walio na insulini ya nguruwe ya U-40, ambayo ni nyeupe kama maziwa, wana utaratibu tofauti: hiyo hutikiswa hadi iwe sawasawa, kwa sababu dawa hutuama chini. Insulini ya PZI (yenye protamini na zinki, nayo hutuama) huviringishwa taratibu viganjani. Ushauri wa jumla wa kutotikisa insulini, unaorudiwa kila mahali, umewanyima paka wengi dawa iliyobaki chini ya chupa.

Kichupa cha mililita 10 kina uniti 1,000. Kwa uniti 2 kwa siku kitaharibika kabla hakijafika robo. Katriji ya mililita 3 ina uniti 300 na ndiyo tuliyochagua. Kibandiko cha dawa ya binadamu husema siku 28 baada ya kufunguliwa. Madaktari wengi wa mifugo huruhusu zaidi ya hapo ikiwa inakaa kwenye friji muda wote, nyuzi 2 hadi 8. Tarehe ya kufungua imeandikwa juu yake, na ikionyesha ukungu au chembe inatupwa siku hiyohiyo. Haiwekwi mlangoni mwa friji wala karibu na ukuta wa barafu. Insulini iliyowahi kuganda haifai hata ikiyeyuka na kuonekana nzuri.

Siku za kwanza: kuchoma

Saa zimewekwa: saa 1 asubuhi na saa 1 jioni. Kuchelewa au kuwahi nusu saa hakuna madhara. Mpangilio ni pima, chakula, choma; anachomwa akiwa anakula. Paka aliyegoma kula kabisa hachomwi dozi kamili kabla ya kuzungumza na daktari.

Ingiza sindano kwenye katriji kwa upole bila kusukuma hewa ndani, geuza, vuta dawa kupita alama, gonga sirinji ili vipovu vipande juu, kisha rudisha hadi alama. Kipovu chini ya ngozi hakimdhuru paka. Tatizo ni kwamba kimekalia nafasi ya dawa, na kwenye uniti moja kipovu kidogo tu ni sehemu kubwa ya dozi.

Mahali: ubavuni, kati ya bega na nyonga, ukibadilisha upande na ukisogea kidogo kila mara. Ngozi ya shingo ni rahisi kushika, lakini ina mishipa michache ya damu na ikichomwa mara kwa mara hukakamaa, kisha dawa inanyonywa kwa kusuasua. Inua ngozi kwa vidole viwili, ingiza sindano chini ya mkunjo sambamba na mwili, tundu la ncha likitazama juu, sukuma pistoni, hesabu hadi tano, toa. Usiingize kwa kusitasita. Sindano ya geji 31 ikiingia haraka, paka wengi hawaachi hata kutafuna.

Kinachoharibika mara nyingi ni sindano kutokea upande wa pili wa mkunjo na dawa kumwagika kwenye manyoya. Pitisha kidole baada ya kuchoma. Ukikuta unyevu, au harufu kali ya dawa ya hospitali (ni vihifadhi vilivyomo kwenye insulini), hujui ni kiasi gani kimeingia. Usirudie. Andika "imemwagika?" na usubiri sindano inayofuata. Sukari kuwa juu kwa saa 12 ni usumbufu tu. Dozi mbili zikipandana ni hatari ya kifo. Hiyohiyo ndiyo kanuni ya dozi iliyosahauliwa: ikipita imepita, haifidiwi kwa kuchoma dozi mbili.

Nyumba yenye wachomaji wawili ina hatari yake. Tumeweka sheria kwamba anayechoma ndiye anayeandika, na anaandika kabla ya kurudisha dawa kwenye friji. Daftari lisipokuwa na alama, uliza kwanza. Usipompata wa kumuuliza, dozi hiyo ichukulie kama imeshachomwa.

Wiki ya 1: sikio na mashine

Damu inachukuliwa ukingoni mwa sikio, kwenye ukanda mwembamba kati ya mshipa na ukingo. Pasha sikio kwanza kwa soksi yenye mchele wa moto kiasi au kitambaa cha uvuguvugu kilichofungwa ndani ya mfuko mkavu, nusu dakika hadi dakika moja. Sikio baridi halitoi damu, na wengi wanaosema paka wao hapimiki wanachoma sikio baridi. Paka mafuta ya mgando kidogo mno ili tone lisimame badala ya kusambaa kwenye manyoya. Weka pamba iliyokunjwa nyuma ya sikio, choma, gusisha stripu kwenye tone lijinyonye lenyewe, kisha bana kwa pamba kwa sekunde 20 hivi. Usipobana, sikio litavilia damu na kesho hatakubali kuguswa.

Mashine ya binadamu na ya mifugo hazisomi sawa. Katika damu ya paka karibu asilimia 93 ya sukari iko kwenye plazma na 7 tu ndani ya chembe nyekundu. Kwa binadamu ni takriban 58 na 42. Mashine iliyorekebishwa kwa damu ya binadamu, ikikutana na damu ya paka, kwa kawaida husoma chini ya hali halisi. Haimaanishi haifai. Ina faida ya kukuonya mapema, lakini malengo yake si yaleyale, na mashine mbili hazichanganywi kwenye grafu moja. Sisi tunatumia ya mifugo, ikiwa imewekwa msimbo wa paka. Msimbo wa mbwa unabadilisha jibu, na mashine nyingine huachwa hivyo tangu dukani.

Sensa ya kubandika mgongoni, iliyotengenezwa kudumu siku 14 kwa binadamu, inafaa kwa paka asiyevumilia kuchomwa sikio. Kwa paka wengi hubanduka mapema. Inasoma majimaji yaliyo chini ya ngozi, kwa hiyo sukari ikishuka kwa kasi sensa iko nyuma kwa dakika kadhaa. Paka akiilalia, inaweza kuonyesha namba ya chini isiyo ya kweli. Namba ya kutisha kutoka kwenye sensa ithibitishwe sikioni, isipokuwa kama paka anayumba. Hapo anza tiba, upimaji utafuata.

Alama ya ketoni imepotea ndani ya wiki hii. Sasa tunapima mara mbili kwa wiki, na wakati wowote akitapika, akisusa chakula au akilala kupita kawaida.

Siku ya 7: grafu ya kwanza

Dozi 1.0. Vipimo kila saa mbili:

saa 1 asubuhi 21.4 · saa 3 19.0 · saa 5 15.1 · saa 7 mchana 11.6 · saa 9 12.9 · saa 11 16.8 · saa 1 jioni 20.2

Insulini inafanya kazi: imeshusha karibu nusu. Umbo ni zuri, inashuka polepole, inafika chini katikati ya zamu, inapanda polepole. Ingefika chini ndani ya saa mbili tatu na kurudi juu kabla ya saa nane kupita, tatizo lingekuwa dawa kutodumu, na kuongeza dozi kungechimba tu shimo refu zaidi mahali palepale. Chini ni 11.6, bado mbali na lengo, basi kuna nafasi ya kuongeza.

Hata hivyo hatujaongeza. Chakula kinabadilishwa wiki ya 2, na chakula kinaweza kushusha sukari peke yake. Kubadilisha vitu viwili pamoja ni kujinyima jibu na kumweka paka kwenye hatari ya sukari kushuka. Pia hatukugusa dozi katikati ya wiki, ingawa asubuhi moja ilisoma 23.9. Glargine hujenga akiba chini ya ngozi, na dozi mpya huchukua siku kadhaa kuonyesha sura yake. Anayefukuza namba ya kila asubuhi huishia na paka anayepanda na kushuka bila mpango, kisha lawama inapewa insulini.

Wiki ya 2 na ya 3: chakula

Lengo ni wanga usiozidi takriban asilimia 12 ya kalori. Vibandiko vingi haviandiki wanga, kwa hiyo hesabu inafanywa kwa mkono: 100 kutoa protini, mafuta, nyuzinyuzi, majivu na maji. Kisha kalori: protini mara 3.5, mafuta mara 8.5, wanga mara 3.5.

Chakula cha kopo tulichochagua: protini 11, mafuta 5, nyuzinyuzi 0.5, majivu 2, maji 79.5. Wanga unabaki 2. Kalori ni 38.5 + 42.5 + 7 = 88 kwa gramu 100, na wanga ni 7 kati ya 88, asilimia 8. Kinapita.

Kile kikavu alichokuwa akila: protini 34, mafuta 14, nyuzinyuzi 3, majivu 7, maji 8. Wanga 34. Kila kimoja kati ya protini, mafuta na wanga kinatoa kalori 119, jumla 357, wanga theluthi nzima. Kibandiko chake cha mbele kilijisifu kwa protini nyingi, na hakikudanganya. Neno "bila nafaka" nalo halisaidii kitu. Viazi na njegere ni wanga vilevile.

Kiasi: 70 mara kilo zinazofaa zikipandishwa kwa 0.75. Bila kikokotoo cha kisayansi, zidisha 5 × 5 × 5 upate 125, toa kipeuo cha pili mara mbili, unapata 3.34. Mara 70 ni kalori 234, yaani gramu 266 za kopo kwa siku, nusu kila sindano. Asipunguze zaidi ya asilimia 1 ya uzito kwa wiki, kwake gramu 62. Paka mnene anayenyimwa chakula ghafla huweza kujaza mafuta kwenye ini, na ugonjwa huo ni mbaya kuliko unene.

Badiliko limefanywa hatua kwa hatua ndani ya wiki moja, sukari ikipimwa kabla ya kila sindano na mara moja katikati ya mchana. Kuondoa wanga kwa siku moja huku dozi ikibaki vilevile ni njia ya kawaida ya kumwangusha paka anayechomwa insulini.

Grafu mwisho wa wiki ya 3, dozi ikiwa bado 1.0:

16.9 · 14.8 · 11.7 · 9.4 · 9.8 · 12.6 · 15.7

Chakula peke yake kimeshusha sehemu ya chini kutoka 11.6 hadi 9.4. Maji ya bakulini yamepungua hadi mililita 210, ingawa sehemu ya punguzo hilo ni maji anayoyapata kwenye kopo. Dozi imepandishwa kuwa 1.5. Hatua ni robo hadi nusu uniti kwa dozi yote, si kwa kila kilo, na kusubiri siku 5 hadi 7 kabla ya kugusa tena.

Wiki ya 4

14.1 · 11.9 · 8.8 · 7.0 · 7.7 · 10.3 · 13.5. Ndani ya lengo. Hakuna badiliko.

Wiki ya 6: sukari imepanda bila kualikwa

Kipimo cha kabla ya sindano kimerudi 19 hadi 20, katikati ya mchana 13. Kishawishi ni kuongeza dozi. Kabla ya hapo kuna vitu vya kuondoa kimoja kimoja, kuanzia rahisi. Insulini: angavu, haijaganda, tarehe iko sawa, hata hivyo katriji mpya imefunguliwa ili kufuta shaka. Sirinji: boksi ni la U-100. Mahali pa kuchoma: hakuna uvimbe wala ngozi ngumu. Chakula cha wizi: bakuli la paka mwingine limeinuliwa. Dawa: hajapewa steroidi, hata ya matone ya sikio au mafuta ya ngozi, ambazo husahauliwa kwa sababu hazimezwi.

Vyote safi, sukari bado juu. Kinachobaki ni mwili wenyewe. Uvimbe na maambukizi hufanya mwili ukatae insulini. Kwa paka mwenye kisukari washukiwa wa kwanza ni kinywa, njia ya mkojo na kongosho. Mkojo umeoteshwa maabara, maana stripu ya mkojo haitoshi kuondoa shaka ya bakteria kwa paka. Haukuotesha kitu. Kinywani, fizi nyekundu na jino la nyuma limeoza. Limeng'olewa, dozi ya asubuhi ya upasuaji imepangwa na daktari, kwa kuwa paka hakula.

Laiti kinywa kingekuwa kizima na dozi ikapanda hadi kuzidi uniti 1.5 kwa kilo bila mafanikio, hatua ingekuwa kupima IGF-1, kipimo cha damu kinachopanda homoni ya ukuaji ikizidi. Kijivimbe cha tezi ya pituitari kinachomwaga homoni ya ukuaji si nadra kwa paka wenye kisukari kama ilivyodhaniwa zamani, na wengi wao hawana sura kubwa wala taya pana zilizoelezwa vitabuni.

Wiki ya 7: 3.1

Hili lilitarajiwa, ndiyo sababu vipimo vya mchana vilirudishwa baada ya jino kutoka. Chanzo cha ukaidi kikiondoka, dozi ileile inakuwa kubwa. Saa 8 mchana mashine imesoma 3.1. Paka anatembea vizuri, ila anadai chakula kwa kelele.

Kilichofanyika: chakula cha kawaida papo hapo, kimechanganywa na kijiko cha chai cha sharubati ya glukosi. Kipimo baada ya dakika 15: 3.6. Kijiko kingine. Kisha 4.9, halafu 6.2, na kupima kila saa hadi jioni, kwa sababu sukari ya kijiko huisha haraka lakini glargine bado iko kazini. Sindano ya jioni imerukwa kwa maelekezo ya daktari. Kuanzia kesho yake, 1.0.

Angekuwa anayumba, anatetemeka au ameduwaa lakini anameza, sharubati ingepakwa kwenye fizi kidogo kidogo, chakula baadaye. Akiwa kwenye degedege au hana fahamu, usimmiminie chochote kinywani, atapaliwa. Sharubati isuguliwe kwenye fizi tu, ukijihadhari na meno yake, na safari ya kliniki ianze wakati huohuo. Sharubati inakaa sehemu mbili: jikoni na kwenye boksi la kumbebea.

Jioni ile, baada ya sharubati na chakula, mashine ilisoma 20. Wengi wangeisoma kama ushahidi wa mwili kujilipiza, yaani kupandisha sukari wenyewe baada ya kushuka sana. Kurudi juu kwa namna hiyo kupo, ila kwa paka wa glargine ni nadra kuliko kunavyotajwa.

Kanuni za kabla ya sindano, zilizokubaliwa na daktari kwa paka huyu: zaidi ya 11, choma. Kati ya 8 na 11, usimpe chakula, pima tena baada ya dakika 30; ikipanda choma, ikishuka piga simu. Chini ya 8, mpe chakula, usichome, piga simu. Mipaka hii ni ya paka ambaye data yake bado ni chache. Inalegezwa kadiri grafu zinavyoongezeka.

Wiki ya 9 hadi ya 12: kushuka

Dozi 1.0, wiki ya 9: 9.8 · 8.4 · 6.1 · 4.7 · 5.0 · 6.9 · 9.1. Chini imekaribia mpaka wa 4.4. Kipimo cha kabla ya sindano kimeingia kwenye eneo la kupiga simu, na jibu lilikuwa kushusha, sasa 0.5. Nusu uniti ni alama ya kwanza ya sirinji. Jicho liwe usawa wa alama, mkono usitikisike, na mchomaji awe yuleyule ikiwezekana. Watu wawili husoma alama moja tofauti kidogo, na kwa dozi hii tofauti hiyo inaonekana kwenye grafu.

Wiki ya 12, dozi 0.5: 7.4 · 6.8 · 5.6 · 5.0 · 5.1 · 6.0 · 7.2. Kwa dozi hii daktari ameshusha mpaka wa kuchoma hadi 6. Uzito kilo 5.7. Visigino vimeinuka kiasi, bado havijawa sawa. Neva hurudi polepole kuliko sukari.

Haraka ya miezi ya mwanzo ina sababu. Katika utafiti wa paka wa glargine uliochapishwa 2009, walioanza ratiba kali ya kupima nyumbani ndani ya miezi 6 tangu ugonjwa kugunduliwa, asilimia 84 waliachana na insulini. Walioanza baada ya hapo, asilimia 35. Kundi lilikuwa dogo, lakini mwelekeo unaeleweka: sukari iliyo juu muda mrefu huumiza zile chembe za kongosho tunazotegemea zizinduke.

Yanayofuata

Vipimo vikikaa hivi wiki mbili zaidi, sindano zitasimamishwa kwa majaribio. Wiki ya kwanza bila insulini: kipimo asubuhi na jioni. Kisha mara tatu kwa wiki. Ataitwa aliyeachana na insulini akimaliza wiki nne mfululizo bila sindano na bila dalili, fruktosamini ikiwa ya kawaida. Namba zikizidi 10 vipimo viwili vinavyofuatana akiwa ametulia nyumbani, 0.5 inarudi bila kungoja kiu ianze tena.

Kwenye kadi yake kliniki kumeandikwa kwa wino mwekundu: asipewe steroidi bila kuzungumza na wamiliki. Kipimo cha ketoni kinabaki mara moja kwa wiki, mizani kila Jumapili, lengo la uzito bado kilo 5.0. Katriji ya sasa inabadilishwa kabla ya grafu ijayo.